CV Dazzle bado inaidanganya kamera? Jibu kwa mleta mada

Mkuu, umeuliza kama CV Dazzle, ile mitindo ya nywele na rangi za uso ya msanii Adam Harvey ya kuizuia kompyuta isitambue kuwa pana uso, bado inafanya kazi, na kama inafaa kwa picha za maonyesho. Kwa maonyesho inafaa sana. Kwa kujificha mtaani, sahau.

Harvey aliianza 2010 akiwa mwanafunzi New York. Alilenga mbinu moja tu, ile ya watafiti Viola na Jones ya 2001, ambayo kazi yake ni kusema "hapa pana uso". Uso wa nani, haijui. Wengi humu huchanganya mambo hayo mawili.

Picha hugeuzwa kijivu, kisha kidirisha cha pikseli 24 kwa 24 hupitishwa juu yake kikilinganisha mistatili ya giza na ya mwanga: macho yawe na giza kuliko mashavu, mwamba wa pua ung'ae kuliko macho. Eneo likifeli vipimo vya mwanzo, linatupwa papo hapo. Kwa hiyo pa kuharibu ni hapo hapo. Shusha nywele au bandika kitu kikatize mwamba wa pua, ziba jicho moja kiasi, na upande wa kushoto usifanane na wa kulia. Wanja na lipstiki za kawaida acha kabisa. Zinakoleza giza la macho na mdomo, yaani unaisaidia mashine.

Kwenye rangi ndipo watu wanapoharibu. Mashine haioni rangi, inaona mng'ao. Kwa hesabu ya OpenCV, maktaba ya bure ya programu za kuchambua picha, ambapo 0 ni nyeusi na 255 ni nyeupe, njano kali inatoka 226, nyekundu 76, bluu 29 tu. Bluu juu ya ngozi nyeusi inapendeza kwa macho yetu, ila kwenye kijivu inapotea. Ngozi nyeusi ipake nyeupe au njano, ngozi nyeupe ipake nyeusi.

Kupima, tumia faili la OpenCV la mbinu hiyo, haarcascade_frontalface_default.xml, scaleFactor (kiasi cha kupunguza picha kila hatua) 1.1, minNeighbors (idadi ya vidirisha jirani vinavyopaswa kukubaliana kuwa pana uso) 3. Ukiweka minNeighbors kubwa, programu inakuwa kali na utadhani rangi zako zimefanya kazi. Tena faili hili ni la uso unaotazama mbele. Ukiinamisha kichwa sana linafeli lenyewe, hata bila rangi. Kwa hiyo kila pozi lipigwe mara mbili, kabla ya kupaka na baada, taa zikiwa zilezile.

Simu za sasa zinatumia mitandao ya neva, yaani programu zilizojifunza kutoka picha nyingi, ambayo haitegemei mistatili ile. Nyingi zitakukamata na rangi zako zote, na abiria wa daladala nao watakukodolea macho.

Kama mada yako ni utambulisho, usiishie kwa Harvey. Mtafiti Joy Buolamwini, akiwa chuo cha MIT Marekani, ilibidi avae kinyago cheupe ndipo programu imwone. Mwaka 2018 yeye na mtafiti mwenzake Timnit Gebru walipima mifumo mitatu ya kibiashara ya kukisia jinsia: kwa wanawake weusi makosa yalifika hadi 34.7%, kwa wanaume weupe hayakuzidi 0.8%. Hilo linakugusa moja kwa moja kwenye ile picha ya kwanza, ya kabla ya kupaka. Kama kamera haikuona uso mweusi hata kabla ya rangi, picha ya pili haithibitishi kitu. Ongeza taa mbele ya uso mpaka kiboksi ambacho programu huchora kuzunguka uso iliouona kitokee, halafu ndipo ushike brashi.