Muulize Mwalimu: Joseph wa Kaloleni, Yusuf wa Kisauni

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni Mgiriama wa Kaloleni, nilisilimu nilipoolewa na sasa twakaa Kisauni. Nimejifungua mtoto wa pili wa kiume. Wa kwanza tulimpa jina la babake mume wangu, kwa hivyo zamu hii ni ya baba yangu, Joseph. Mume wangu amekubali, ila ataka aandikwe Yusuf. Mama mkwe asema lolote lenye asili ya Joseph ni jina la Kizungu. Baba yangu naye ni mzee wa kanisa, asema Yusuf ni jina la Kiarabu na mtoto akiitwa hivyo, yeye hakupewa wajina. Akika ni Jumamosi. Nani mkweli? – Mama Mtoto, Kisauni

JIBU: Marahaba mwanangu, na hongera ya uzazi. Wazee wako wote wawili wamekosea, tena kosa moja. Jina hilo si la Mzungu wala la Mwarabu. Ni la Kiebrania, Yosef, na maana yake ni "ataongeza". Raheli mke wa Yakobo alikaa muda mrefu bila mtoto, na dadake Lea ambaye pia ni mke mwenza akizaa tu. Alipojaaliwa wa kiume akasema Mungu amemwondolea aibu, kisha papo hapo akaomba aongezewe mwingine. Mtoto wa pili kuitwa "ataongeza" ni jina lililokaa mahali pake. (Raheli aliongezewa Benyamini, na katika uzazi huo akafa. Hilo usimwambie mama mkwe wiki hii.)

Kutoka hapo jina likashika njia mbili. Moja ilipita kwa Wayunani na Warumi ikaingia Ulaya: Mwingereza akasema Joseph, Mwitaliano Giuseppe, Mhispania na Mreno José. Mume wako akiwa mtu wa mpira, mwulize kama ajua kwamba kocha Pep Guardiola jina lake ni Josep, kwa Kikatalani, kwa hivyo yeye na kocha mwenzake José Mourinho ni wajina, pamoja na ugomvi wao wote. Sepp Blatter, aliyekuwa rais wa FIFA, naye ni Joseph. Njia ya pili ni ya Kiarabu, ndiyo iliyotufikia sisi. Salahuddin aliyeutwaa Jerusalem mwaka 1187 alizaliwa Yusuf. Salahuddin ni lakabu tu. Senegal wakalichukua wakaliita Youssou, kama yule mwimbaji N'Dour.

Mama mkwe mkumbushe sura ya 12 ya Qurani, aya 111, karibu zote ni kisa cha Nabii Yusuf. Bila shaka yeye mwenyewe alikuhimiza uisome ulipokuwa na mimba ili mtoto atoke mzuri. Sasa mtoto ametoka, jina lake lakataliwa?

Baba yako ana kesi nyepesi zaidi. Afungue Biblia yake ya Kiswahili, ile ya Union inayotumika katika makanisa mengi ya Kiprotestanti, asome Mathayo 1:16. Mume wa Mariamu ameandikwa Yusufu. Mwana wa Yakobo vilevile, Yusufu. Akimwona Joseph humo ndani, aje Kibokoni nimnunulie mahamri na mbaazi. Wakatoliki husema Yosefu, nao hawajakosea.

Ila naelewa kinachomuuma mzee. Jina likibadilishwa herufi, mtu huhisi amebadilishwa yeye, na mji wetu wayajua hayo. Hapa Mvita, yaani Mombasa, palikuwa na mtoto wa mfalme, Yusuf bin Hasan. Baba yake aliuawa mwaka 1614 kwa fitina za Wareno, mtoto akapelekwa Goa, akalelewa na watawa wa Augustino, akabatizwa Dom Jerónimo. Waliomchagulia jina hilo sijui kama walitafakari: Jerónimo latokana na Kiyunani, na maana yake ni "jina takatifu". Akaoa huko, akarudishwa Mombasa mwaka 1626 atawale chini ya Ureno. Wanahistoria wameandika kwamba alionekana akiomba kwenye kaburi la babake kwa desturi ya Kiislamu, na habari ikamfikia kapteni wa ngome ya Wareno, Fort Jesus. Agosti 1631 akaingia Fort Jesus na watu wake, akamuua kapteni, akarudia Uislamu na jina lake la Yusuf. Wareno wengi waliuawa siku zile, pamoja na Waafrika waliobatizwa. Mwaka uliofuata manowari za Goa zilikuja kumng'oa zikashindwa, kisha mwenyewe akaiacha Mombasa akaishia baharini.

Kisa hicho si cha kusimulia kwenye akika, kina damu nyingi mno. Nimekitaja kwa sababu Yusuf yule alilazimishwa kuchagua jina moja na kulizika la pili. Wako halazimishwi. Cheti kiandikwe Yusuf, kwa kuwa ndivyo baba yake anavyotaka na ndivyo atakavyoitwa chuoni, kwenye Qurani. Babu akija kutoka Kaloleni amwite Joseph, au Wajina, mtoto ataitika.

Lakini kuna jambo dogo ambalo mimi nalihesabu kuliko ugomvi huu wote. Amueni tahajia sasa. Nimefundisha miaka mingi, na madarasani kwangu akina Yusuf walikuwa wengi hata tukawaita kwa mitaa, Yusuf wa Kuze, Yusuf wa Makadara. Tulichohangaika nacho ni Yusuf kwenye cheti cha kuzaliwa, Yussuf kwenye rejista ya shule, Yusufu kwenye kitambulisho. Kijana apata nafasi ya chuo kikuu, badala ya kufunga mizigo azunguka kwa wakili akiapa kwamba watu hao watatu ni yeye. Chagua moja, liandike kwenye karatasi, mpe mume wako siku anayokwenda kusajili.

SWALI: Mwalimu, naitwa Juma lakini nilizaliwa Jumanne. Wenzangu wanicheka. – Juma, Likoni

JIBU: Mwanangu, uliza ni Juma yupi wa kwanza katika ukoo wenu, huenda ndiye aliyezaliwa Ijumaa, wewe umerithi. Kule Ghana, Waakan humwita Kofi mvulana wa Ijumaa, kama Kofi Annan. Wa Jumanne ni Kwabena. Wakikucheka tena, waambie wakuite hilo.