Mji wa Chambo: Namna ya Kumleta Mshambuliaji Mlangoni Kwako

Mtu anayetaka kukushambulia kwenye Lords Mobile, gemu ya vita ya simu, hauoni mji wako. Anachokiona ni ripoti ya upelelezi: idadi ya askari, mashujaa waliopangwa ukutani, rasilimali zilizolala nje ya hazina (ghala lisiloporwa), na kama kiongozi wako, yaani shujaa mkuu uliyemteua, yuko nyumbani. Uamuzi wake wote anaufanya hapo. Kwa hiyo anayetaka kutega lazima kwanza ajue ripoti hiyo inasema nini, na aitayarishe kabla mwenzake hajamtuma jasusi wake kuichukua.

Kwa msomaji ambaye hajaigusa gemu hii: ilitolewa mwaka 2016 na IGG, kampuni yenye makao makuu Singapore. Unajenga mji kwenye ramani kubwa yenye watu wa kila pembe ya dunia, unafunza askari, unajiunga na gildi (kundi la wachezaji wanaosaidiana), na usipokuwa na ngao, yaani kinga ya muda inayozuia mashambulizi, yeyote anaweza kukupiga saa yoyote. Askari wakifa ni hasara kubwa. Kazi ya miezi inaweza kuteketea usiku mmoja ukiwa umelala, ndiyo maana wachezaji wengi wanaishi chini ya ngao mwaka mzima. Mimi nimechagua maisha mengine. Akaunti yangu ni ya mtego: mlango uko wazi makusudi, na anayeingia anakutana na alichokuwa hajakihesabu. Napenda uchezaji huu kuliko kushambulia, kwa sababu unamlazimu mtu afikiri kwa kichwa cha adui yake, na pia kwa sababu unampa nafasi mchezaji asiye na pesa za kumwaga.

Anzia hospitali. Najua kila mtu anataka kuanzia kwenye askari, lakini nisikilize kwanza. Unaposhambuliwa ukiwa mjini kwako, askari wanaoangushwa hupelekwa hospitali mpaka vitanda vijae. Vikijaa, wanaobaki wanakufa. Maana yake, mwenye vitanda vya kutosha anaweza kupigwa vibaya na bado asipoteze jeshi, akalipa gharama za matibabu tu. Sasa angalia viwanja vilivyomo mjini: vilevile unavyoweza kujenga hospitali ndivyo unavyoweza kujenga kambi za kufundishia au majumba ya kuzalisha dhahabu. Mchezaji wa kawaida hujaza majumba na kambi maana anataka askari wengi haraka. Mtegaji hujaza hospitali. Kisha anajiwekea sharti la kutokuwa na askari wengi kuliko anaoweza kuwalaza, na haliruki hata gildi nzima ikimcheka kwa jeshi dogo.

Matibabu yanahitaji chakula, mbao, mawe na madini. Usiviache ghalani. Rasilimali ambazo ziko kwenye begi lako, bado hujazifungua, haziporwi na mtu yeyote. Jaza begi hilo miezi kabla ya kutega. Aliyejeruhiwa jeshi zima halafu hana cha kuwatibia hana jeshi, na anayemwinda akirudi baada ya saa moja atamkuta na mashujaa watupu.

Kuhusu askari wenyewe. Namba ya nguvu ya akaunti iko wazi kwa kila mtu, na wawindaji huitumia kuchagua wa kumpeleleza. Namba hiyo hutokana na majengo, utafiti, askari na mambo mengine madogo. Utafiti wa kijeshi unaongeza nguvu, hilo halikwepeki, lakini unaongeza kidogo ukilinganisha na faida yake vitani. Askari ndio wanaoipandisha namba. Kwa hiyo mtegaji huwekeza kwenye utafiti, vifaa na mashujaa, halafu anabaki na jeshi la wastani. Askari wangu wengi ni wa daraja la kwanza na la pili, rahisi kuwafunza na rahisi kuwatibu. Hao ndio wanaopokea mapigo. Nyuma yao wako wachache wa daraja la nne wanaoua. Kwenye ripoti kundi hili linaonekana kama mji wa mtu aliyechoka na gemu akaacha nusu ya kazi. Hivyo ndivyo linavyotakiwa kuonekana.

Sasa tufike kwenye uchezaji wenyewe, na hapa nitakaa kidogo.

Vitani kuna aina tatu zinazozungukana: askari wa miguu huwashinda wapanda farasi, wapanda farasi huwashinda warushaji wa mbali, warushaji wa mbali huwashinda askari wa miguu. Mshambuliaji akipata ripoti yako anatafuta jibu lake ndani ya mzunguko huo. Ataangalia askari gani ni wengi, ataangalia mashujaa wa ukutani wanaimarisha aina gani, halafu atakisia umepanga safu ipi mbele. Safu yenyewe haioni, anaikisia. Ukimpa ripoti inayopiga kelele "mimi ni wa warushaji", atakuja na farasi. Basi mwache aje na farasi.

Jeshi lake likishaondoka kwake kuna muda wa safari, na ndani ya muda huo unaweza kubadilisha mambo matatu: mashujaa wa ukutani, vifaa alivyovaa kiongozi, na mpango wa safu. Mwindaji anakusoma ukiwa umevaa nguo za utafiti au za ujenzi, zile zisizoongeza hata chembe kwenye mapigano. Anafika ukiwa umevaa za vita, na askari wa miguu wako mbele wakiwasubiri farasi wake. Gemu inakuruhusu kuhifadhi seti za vifaa, kwa hiyo kubadilisha si kazi ya kugusa kimoja kimoja. Ziandae mapema, na ufanye mazoezi ya kuzibadilisha mpaka vidole vijue njia bila kuulizwa.

Lakini utajuaje anakuja na nini? Mnara wa lindo. Ukiupandisha daraja, haukuambii tu kwamba kuna jeshi njiani, unakuonyesha na undani wake: wangapi, wa aina gani, na kama kiongozi wake anakuja nao. Nimeona watu wakihangaika na ukuta na mitego ya ukutani huku mnara wao uko chini. Kwa mtegaji, mnara unakuja mara tu baada ya hospitali.

Chambo chenyewe je? Watu hufikiri ni rasilimali. Rasilimali zinasaidia, kwa hiyo acha kiasi kinachozidi uwezo wa hazina kikionekana, kiasi ambacho hutakililia kikichukuliwa. Ila mwindaji mzoefu haji kwa ajili ya mahindi. Anakuja kwa sababu ya kiongozi wako aliye nyumbani, kwa kuwa akishinda anaweza kumteka na kumtia gerezani, na anakuja kwa sababu ya hesabu ya mauaji ambayo ataitangaza kwenye gildi yake. Kiongozi akiwa mafichoni, mji unaonekana wa mtu mwangalifu. Akiwa nje ya maficho, mji hauna ngao, na saa zimepita bila chochote kubadilika, mji unaonekana umeachwa.

Kuna pia moto. Mji ukishapigwa huwaka kwenye ramani, na kila apitaye anauona. Moto ni ushahidi kwamba kuna mtu amekwisha kushinda pale, na binadamu huamini sana pale alipopita mwenzake. Waingereza walilijua hili katika Vita Kuu ya Pili. Baada ya mji wa Coventry kuchomwa na ndege za Ujerumani usiku wa tarehe 14 Novemba 1940, Kanali John Turner, aliyekuwa akisimamia kazi ya kuwadanganya marubani wa adui kwa shabaha za uongo, alijenga maeneo yaliyoitwa Starfish: mashamba matupu nje ya miji yaliyopangwa mafuta, kuni na matangi. Ndege za kwanza zilipoangusha mabomu ya moto mjini, wazima moto walikimbilia kuuzima huku walinzi wa shamba wakiwasha moto wao kule porini, ili ndege zilizofuata zimwage mabomu kwenye majani. Utaalamu wa mapambo ulitoka kwenye studio za filamu za Shepperton. Angalia jambo moja hapo: moto wa uongo haukuwashwa mapema. Uliwashwa wakati rubani alipokuwa tayari anatarajia kuona moto. Ndiyo maana mimi siachi mji uwake siku nzima bila sababu. Naruhusu akaunti ndogo ya rafiki inipige kidogo pale tu ninapoona wawindaji wamehamia eneo letu na wanapita mji kwa mji.

Baada ya hapo ni kusubiri, na hapa ndipo wengi wanaponiacha.

Jasusi wa kwanza akifika, usifanye kitu. Mwindaji makini anapeleleza, anasubiri, halafu anapeleleza tena. Anazilinganisha ripoti mbili. Ukihamisha shujaa mmoja, ukifunza askari mia, ukikusanya mavuno, amejua kuna mtu macho. Wengine watakutumia ujumbe wa salamu kukupima, wengine watatuma kikosi kidogo kabisa cha kuonja waone safu yako kupitia ripoti ya pambano. Kionjo hicho kikija, kipokee ukiwa na nguo zako za ujenzi na safu yako ya kawaida. Kitakuangushia askari wachache watakaolazwa na kupona. Unachokipata ni imani yake.

Kwa sisi tunaocheza kwa bando na mtandao unaoyumba jioni, kusubiri kuna masharti yake. Usitege kwenye laini isiyo na uhakika, maana ukikatika sekunde ishirini za mwisho umeliacha jeshi lako na nguo za ujenzi. Mimi natega usiku wa manane na alfajiri, mtandao ukiwa mwepesi, tena saa hizo kwa Amerika ni jioni na usiku, ambapo wachezaji wao wako wengi. Zima hali ya kuokoa betri kwa programu hiyo, la sivyo simu itaiua nyuma ya pazia na arifa haitafika. Usipoweza kukaa macho, weka ngao ulale. Hakuna aibu yoyote.

Gildi lazima ijue. Mtego wa panya huingia waliomo na wasiokuwamo, na wasiokuwamo kwenye mtego huu ni wenzako wenye huruma. Mwenzako akiona jeshi linakuja kwako atatuma askari kukusaidia bila kuulizwa, wakati mwingine mapema mno, na mwindaji akipeleleza mara ya mwisho anaona mji umejaa wageni. Anageuka. Kubaliana nao mapema: hakuna kutuma msaada mpaka niombe, na nikiomba, aliye karibu kabisa atume ili wafike muda mfupi kabla ya pigo. Ubalozi wako uwe na nafasi ya kuwapokea.

Jua pia dari yako. Mji wa chambo wa mtu mmoja umejengwa kumpokea mshambuliaji mmoja. Gildi ikianzisha rali dhidi yako, wachezaji kadhaa wanaunganisha majeshi yao chini ya kiongozi mmoja, na mara nyingi huyo kiongozi amewekeza miaka na pesa ambazo huzifikii. Rali ina muda wa kujikusanya, na muda huo unauona. Utumie kuhesabu kwa moyo mtulivu: anayeongoza ni nani, vifaa vyake ni vya rangi gani (rangi huonyesha ubora), wameshajaza kiasi gani. Hesabu ikikataa, ngao. Miji inayomeza rali ipo, lakini ni jengo la aina nyingine kabisa, lenye gharama nyingine, na simshauri anayeanza aiwaze.

Na kwa kuwa nimetaja pesa: vifurushi vya kununua vitakufuata kila ukifungua gemu. Mtego haujengwi kwa vifurushi. Unajengwa kwa utafiti uliopangwa, kuwinda madubwana ya ramani kila siku upate malighafi za vifaa, na gildi inayosaidiana kupunguza muda wa ujenzi. Vijana wanaoniandikia wakiuliza wanunue nini, nawaambia pesa ya ada na ya chakula isiguse gemu.

Siku ikifika na jeshi lake likavunjikia ukutani, kuna mambo ya kufanya haraka. Tibu kwanza, wote, kwa kutumia rasilimali za begi. Kama alikuja na kiongozi wake na wewe una gereza, huenda umemteka. Ukisubiri muda uliowekwa unaweza kumuua, na madhabahu itakupa nyongeza ya nguvu kwa muda. Mimi huwaachia wanaoomba kwa heshima, hasa wachezaji wadogo. Anayetukana anakaa.

Kisha hama. Hesabu yako ya mauaji imepanda na iko wazi kwenye wasifu wako, gildi yake imeshaona ripoti, na wakirudi watarudi na rali. Tumia kihamishio kwenda upande mwingine wa ramani, weka ngao mpaka mwenye kitanda wa mwisho atoke hospitali, vaa tena nguo za ujenzi, rudisha warushaji kwenye ukuta. Mahali papya chagua jirani na wachezaji wenye nguvu inayokaribiana na yako, mbali kidogo na mizinga mikubwa ya gildi, yaani pale wanagildi walipobananisha miji yao kama nyuki, penye wapita njia. Ngao ikikaribia kuisha, usiiongeze. Iache ifike mwisho yenyewe, kama ya mtu aliyesahau.