Mama mkwe anaona watoto sebuleni: kabla hamjasema karogwa au kapata wazimu

Dada uliyeuliza juu ya mama mkwe wako, nimesoma swali lako na majibu yote yaliyofuata. Kwa walioingia sasa: mama amepita miaka 70, anaishi Kadutu, hapa Bukavu, kwa mwanawe, na tangu mwaka jana karibu kila jioni anaona watoto wameketi sebuleni. Hawasemi kitu. Yeye anawaonea huruma, anadai wapewe ugali. Asubuhi yake yuko timamu, anakumbuka hata deni la makaa ambalo nyinyi mmelisahau. Shemeji mmoja anasema kalishwa karuho, yaani sumu, mwingine anataka apelekwe chumba cha maombi akafunge siku 3, na mume wako anasema ni wazimu tu, achomwe sindano.

Wengi humu wamejibu kuhusu hao watoto: ni wa nani, wametumwa na nani. Mimi nitajibu kuhusu mama.

Nimekuwa muuguzi wa wagonjwa wa akili hapa Bukavu kwa miaka mingi, na nyumbani kwetu Bagira nilimuuguza baba mkwe mpaka mwisho wake. Familia zikifika kazini huanza na maruweruwe yenyewe: ameona nyoka, amesikia marehemu anamwita. Hayo tunayaandika, lakini peke yake hayatuambii ugonjwa. Kinachosaidia ni kujua akili yake ilikuwaje saa ile. Je, alikuwa anafuata mazungumzo? Alijua ni asubuhi au jioni? Alikuwa macho kabisa au anasinziasinzia? Jambo lilianza ghafla au lilikuja polepole?

Chukua kijana mwenye skizofrenia. Huyo mara nyingi anakuja akijua tarehe, anajua gari la kupanda Nyawera, anakujibu vizuri. Tatizo lake ni sauti. Zinamtukana, zinaeleza kila anachofanya, zinajadiliana juu yake. Sisi sote tuna maneno ya ndani tunayojisemea kimya, na kwa kawaida ubongo unajipa taarifa mapema kwamba maneno hayo ni yake. Kwa mgonjwa huyu taarifa hiyo inaonekana kupotea, basi wazo lake mwenyewe linamfikia kama neno la mtu mwingine. Mwaka 1993 watafiti wa London walipima mtiririko wa damu kwenye ubongo wa wagonjwa wakati sauti zinasikika, wakakuta sehemu ya Broca, ile inayotengeneza maneno, inafanya kazi. Ndiyo maana wengine hupata nafuu kidogo wakivuma wimbo au wakisoma kwa sauti. Kulikuwa na mgonjwa mmoja ambaye sauti zikimzidi alikuwa anashika Zaburi na kuisoma kwa nguvu mpaka wenzake wanalalamika. Midomo yake ilianza kuchezacheza kabla hajaniambia kwamba wamekuja. Nilijifunza kuangalia midomo.

Wagonjwa hao pia huchanganya chanzo cha jambo: hili nililisema au niliambiwa? Nililiwaza au nililisikia? Umakini na uwezo wa kushika jambo kichwani kwa muda mfupi hupungua, na hilo ndilo linalowatoa shuleni na kazini kuliko sauti zenyewe, ingawa familia zinaogopa sauti tu. (Na kwa wanaosema sauti ni zilezile kila mahali: utafiti uliotolewa mwaka 2015 uliwauliza wagonjwa wa Accra kule Ghana, Chennai kule India, na California kule Marekani, watu 20 kila mahali. Wa California walisimulia zaidi matusi na ukatili. Wa Accra, wengi walisema wanamsikia Mungu, na kwao sauti nyingi zilikuwa njema. Mazingira ya mtu yanaingia mpaka huko.)

Sasa rudi kwa mama. Ameanza baada ya 70. Anaona zaidi ya kusikia. Ni watoto wadogo, wamekamilika, wametulia, na ni jioni. Siku moja yuko sawa, siku nyingine amepotea. Siwezi kumpima kwa simu, lakini haya yalikuwa ya baba mkwe wangu pia, na jina lililotajwa na daktari lilikuwa demensia ya miili ya Lewy, aina moja ya ugonjwa wa akili kudhoofika uzeeni. Miili hiyo ni vijibonge vya protini vinavyojilundika ndani ya seli za ubongo. Friedrich Lewy, daktari Mjerumani, ndiye aliyevieleza mwaka 1912 alipochunguza ubongo wa wagonjwa wa Parkinson, ugonjwa wa kutetemeka na kukaza mwili, na magonjwa haya mawili ni ndugu wa karibu.

Kinachoharibika mapema hapo mara nyingi si kumbukumbu. Ni umakini na uwezo wa kupanga kile jicho linachokiona. Asetilikolini, kemikali inayosaidia ubongo kukaa macho na kuelekeza umakini, inapungua sana. Macho yanaleta habari pungufu, na ubongo unakamilisha kwa mambo unayoyazoea, kama mtu anayesikiliza redio yenye mawimbi mabovu: neno lililopotea analiweka mwenyewe, na anaapa kwamba alilisikia. Kwetu koti la mvua lilikuwa limetundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango, na kofia juu yake. Umeme ukikatika tukiwasha kitaa cha simu, Papa, yaani huyo baba mkwe, anamsalimu mgeni. Tulipolihamisha koti, mgeni yule hakuja tena. Watoto waliendelea kuja.

Kwa hiyo angalia mambo haya kwa mama. Anatembea akiburuta miguu, mikono haichezi, uso umekuwa mgumu? Je, zamani, hata miaka kadhaa kabla ya watoto, alikuwa anapiga mateke na kupigana usingizini? Muulize aliyelala naye. Mama mkwe wangu alihama kitanda muda mrefu kabla ya yote haya, tukadhani ni ugomvi wa wazee. Je, kuna saa anakodoa macho tu, humpati, halafu anarudi?

Majibu yakiwa ndiyo, basi sindano ya mume wako ndiyo inayonitia hofu. Haloperidoli, dawa ya kutuliza wazimu, ni nzuri kwa kijana niliyemtaja hapo juu. Kwa mtu wa Lewy inaweza kumkaza mwili mzima na hata kumuua. Papa aliipewa kwenye kituo kimoja cha afya usiku ambao alikuwa anapiga kelele. Kesho yake hakuweza kugeuka kitandani, mate yalikuwa yanamtoka kwa sababu hakuweza kumeza, na uji tulimpa kwa kijiko cha chai. Dawa ilisimamishwa, akarudi polepole, ila kutembea hakukurudi kama mwanzo. Jihadhari pia na prometazini, ambayo kwetu inaandikwa ovyo kwa mwasho na kwa usingizi: inazidi kuzuia kazi ya ileile kemikali iliyokwisha pungua. Dawa inayoweza kusaidia, maruweruwe na umakini pia, ni rivastigmini, lakini hiyo aiandike daktari.

Kuna sababu nyingine za maruweruwe ambazo lazima ziangaliwe kwanza. Kama siku fulani mambo yamebadilika ghafla, kwa saa au siku 2, fikiria malaria, maambukizi ya mkojo au ya mapafu, maji kupungua mwilini. Mwambie ataje siku za juma kurudi nyuma kuanzia Jumapili. Kama siku zote aliweza na leo anapotelea Ijumaa, huyo ni mgonjwa wa hospitali ya kawaida, leo hii. Hapo ndipo ninapopingana na chumba cha maombi. Sina shida na maombi, mimi mwenyewe ni mwanakwaya. Ila mzee wa umri huo akikaa siku 3 bila kula wala kunywa, kuchanganyikiwa kutamjia kwa sababu ya kiu, halafu watasema pepo limekasirika. Mnywaji wa kanyanga aliyekatishwa ghafla, naye akianza kuona wadudu ukutani siku ya pili au ya tatu huku anatetemeka, mkimbizeni hospitalini. Huyo anaweza kufa.

Macho pia. Mwaka 1760 Charles Bonnet wa Geneva aliandika habari za babu yake mwenye mtoto wa jicho, ambaye aliona watu, ndege na majengo, na akili yake ilikuwa kamili, tena alijua kwamba havipo. Hiyo ndiyo tofauti: anajua havipo. Mama yako anawaombea ugali. Hata hivyo macho yake yapimwe, maana macho mabovu yanazidisha kila kitu.

Nyumbani msibishane naye. Papa aliniuliza mara nyingi, "Wewe huwaoni?" Nilimjibu, "Siwaoni, Papa, lakini najua wewe unawaona. Wanakutisha?" Akisema hapana, tunaendelea na chai. Akisema ndiyo, nawasha taa, namhamishia chumba kingine. Jioni wekeni taa ya kutosha mapema kabla giza halijaingia, ondoeni nguo zilizotundikwa, na kioo kikimsumbua kifunikeni.

Hapa Bukavu anzeni SOSAME, kituo cha wagonjwa wa akili. Msomaji wa Goma ana Tulizo Letu, na wa Lubumbashi ana kituo cha Joseph Guislain. Mpeleke na mtu anayelala naye chumba kimoja, na karatasi yenye saa watoto wanapokuja, dawa zote anazomeza pamoja na za miti shamba, na ile habari ya usingizi na miguu. Uisome mwenyewe kwa daktari kabla hajaandika dawa, usisubiri uulizwe. Majibu ya mkojo, malaria na macho yakitoka, yaandike hapa tuendelee.