Kuingiza kaswida za watu kwenye flashi kwa malipo

SWALI: Assalaam alaykum Sheikh. Nina kibanda hapa Majengo, Dodoma. Naingiza kaswida na nyimbo kwenye flashi na memori kadi, shilingi elfu moja. Mwenzangu kaniambia ni wizi. Mbona mwenye kaswida bado anayo?

JIBU: Wa alaykum salaam warahmatullah. Hukumu ya ala za muziki wanazuoni wamekhitilafiana, nawe hukuuliza hiyo. Nakujibu hili la nakala.

Ni kweli, mwanangu, kaswida anayo. Alichopoteza ni mauzo. Nilimtembelea msoma kaswida mmoja kule Kikuyu, akavuta boksi la CD chini ya kitanda, zingine bado zimo kwenye nailoni. Studio alilipa, waitikiaji aliwapa nauli. Wiki ileile aliyozitoa, alipanda daladala akaikuta kaswida yake inapigwa, na konda akamwambia kaiingiza kibandani. Nilikosa la kumwambia.

Hoja yako si ngeni. Mwaka 1999 huko Marekani, Shawn Fanning alianzisha Napster, watu wakawa wanapeana nyimbo za MP3 kompyuta kwa kompyuta bila kulipa. Makampuni ya rekodi yalishtaki, mahakama ikatoa amri, na mwaka 2001 Napster ikazimwa. Mazoea hayakuzimika, biashara ya muziki uliorekodiwa ilididimia miaka mingi. Na wale hata hawakuwa wakitozana. Wewe unatoza.

Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lilipokutana Kuwait Desemba 1988, lilipitisha kwamba haki za utunzi na uvumbuzi ni mali kwa urfu, yaani desturi, ya zama hizi, zinalindwa kisharia, na haijuzu kuzivamia. Na Suratul Baqara, aya ya 188, inatukataza kuliana mali kwa batili. Sheria ya nchi, ile ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, nayo inakataza.

Kwa hiyo acha. Wasomaji unaowajua, hasa wa hapahapa mjini, waendee uwaombe radhi. Wakidai haki yao, walipe, hata kidogokidogo. Usiowajua, kadiria fungu lao ulitoe sadaka kwa niaba yao.

Kibanda usikifunge. Wafuate wenye kaswida mpatane, kila flashi ukiuza wapate chao. Na zile ambazo wenyewe wameruhusu zisambazwe bure, waingizie watu, na ujira wa umeme na kazi ya mkono wako uchukue.