Usibakize kamba wakubwa kuwa mbegu

Mdogo wangu wa Kilwa, umeuliza kama unaweza kufuga kambamiti kwenye mashamba ya chumvi yaliyoachwa, na kila mavuno ubakize wale wakubwa wawe mbegu.

Mabwawa yanafaa, ila yajaze na kuyamwaga kwa maji ya bamvua mara kadhaa, chumvi ipungue. Mikoko usiiguse, tafadhali.

Kuhusu mbegu, hapana. Jike moja la kamba milia, aina ya kambamiti wanaofugwa, hutaga mamia ya maelfu ya mayai, kwa hiyo mama wawili watatu wanakujazia bwawa zima la ndugu. Wakizaliana wao kwa wao, yatakupata yale ya mbuzi wa kijijini wanaopandwa na beberu mmoja miaka yote: wanadumaa, wanakufa ovyo. Watafiti hutunza familia nyingi tofauti, huziwekea kumbukumbu, kisha huchagua kwa ukuaji na uwezo wa kuishi, wala hawaangalii ukubwa peke yake.

Nunua vifaranga vya kamba, na uliza wazazi wao wamepimwa ugonjwa wa madoa meupe. Hauna dawa, na unaweza kumaliza bwawa ndani ya siku kumi. Kabla ya kununua, mwone afisa uvuvi wa wilaya.