Hapana, Mjomba Wako Hajaomoka

Mpwa wangu,

Ile video imezunguka weee, hadi ikarudi kwangu. Mimi huyo nimevaa fulana ya bati, nakwaruza kifua kwa vifungua chupa, Wazungu wanacheza wawili wawili, na chini yake kwenye grupu la familia mtu kaandika, "Mjomba ameomoka!", yaani nimetajirika. Mama yako akatia vicheko na mioto, kisha hapohapo akauliza pesa za mabati ya nyumba zitafika lini. Nawe ukaja pembeni: umemaliza diploma, unapiga gitaa kanisani, nikushike mkono uje tupige pamoja huku Uingereza. Ujumbe wako niliuacha bila jibu kwa sababu kila nikishika simu nilikuwa naandika matusi, na wewe hujanikosea. Leo nakujibu, ila jibu hili lisifike kwenye grupu.

Bendi yenyewe ni ya wastaafu Waingereza, wanapiga Cajun na zydeco, muziki wa Louisiana huko Marekani. Anayevuta kodiani alikuwa mwalimu wa jiografia, wa fidla alikuwa daktari wa meno, wa ngoma bado anatengeneza baiskeli za watu. Hakuna hata mmoja aliyezaliwa Louisiana. Mwalimu amekwenda huko, akanunua kodiani ya vitufe kumi iliyoundwa katika mji mdogo uitwao Eunice, na hiyo kodiani haishikwi na mtu mwingine. Wanaimba Kifaransa ambacho wengi wao wamekikariri tu. Lakini wanapiga vizuri, nisiwasingizie.

Sikuwa na habari na muziki huu kabla ya kuja huku. Cajun ni wa wale Wafaransa waliokuwa wakiishi Acadia, upande wa Nova Scotia huko Kanada, ambao Waingereza walianza kuwafukuza mwaka 1755, baadhi yao wakaishia kwenye mabwawa na nyika za kusini mwa Louisiana. Zydeco ni wa jirani zao Weusi, Wakreoli, waliosema Kifaransa na wakatia bluzi ndani ya dansi zao. Mfalme wao alikuwa Clifton Chenier. Hilo bati mlilolicheka yeye ndiye aliyelibuni mwaka 1946 pamoja na fundi chuma Willie Landry, na ndugu yake Cleveland akawa ndiye mkwaruzaji. Kabla ya hapo watu walikwaruza ubao wa kufulia nguo. Kwa hiyo hesabu ni hii: Waingereza wanaimba kwa uchungu nyimbo za watu waliofukuzwa na Waingereza. Nilimwambia mwalimu hivyo. Alicheka, lakini si sana.

Na watoto wao walichapwa shuleni kwa kusema Kifaransa, baada ya katiba ya Louisiana ya 1921 kuamuru masomo yawe ya Kiingereza. Hapo sikuhitaji kuelezwa. Wewe hukuivaa ile diski tuliyovishwa shingoni shuleni kwa kosa la kusema Kikuyu. Muulize mama yako.

Jinsi nilivyoingia: walikuwa wanapiga kwenye ukumbi wa kanisa mtaani kwetu, nami nilifuata chakula. Nikasikia kodiani, na chini yake kuna chuma cha pembetatu kinagongwa, kile ambacho zamani mafundi wa Louisiana walikifua kutoka kwenye meno ya reki ya nyasi. Nywele zikanisimama. Huo ni mwomboko, bwana, dansi yetu Wakikuyu! Hatua mbili, unapinda goti. Babu yangu, guka, anavuta kodiani uani, mimi mtoto nimeshika karing'aring'a, kile chuma cha duara cha kugonga, na nikikosea mdundo napata fimbo ya muundi bila yeye kuacha kupiga. Wakati wa mapumziko nikaomba kile chuma nikakigonga kidogo. Wakanyamaza wote. Kisha daktari wa meno akasema maneno ambayo nimeyasikia kila tunapopiga tangu siku ile: "Iko kwenye damu yenu."

Damu gani? Ni guka na fimbo yake. Miaka ya kufundishwa, mtu anakufutia yote kwa neno moja, tena akidhani amekusifu. Yeye fidla alijifunza. Mimi, ati, nilizaliwa na mdundo. Hapo ndipo paniumapo, mpwa wangu, na ningetaka upaelewe kabla hujaanza kuota.

Wiki iliyofuata nikaletewa bati. Nasimama mbele kabisa, taa usoni. Mabango yana picha yangu peke yangu, ingawa mimi siimbi na wala sichagui nyimbo. Nilipoomba tuingize mwomboko mmoja tu katikati ya shoo, nikaambiwa kwa upole kwamba watu wamelipia Louisiana. Tukimaliza wananifuata: "Unatoka sehemu gani ya Louisiana?" Nawajibu, "Kangema," kwetu Murang'a, Kenya. Wanatikisa kichwa, aa, wameisikia. Bwana mmoja aliniambia aliwahi kupita hapo akielekea New Orleans.

Hilo nacheka. Kuna jingine ambalo sicheki.

Tunapiga waltz moja ya Amédé Ardoin. Huyu alikuwa Mkreoli, Mweusi, bingwa wa kodiani, na mwaka 1929 alirekodi na Dennis McGee, Mzungu wa fidla, wakati ambao hao wawili wasingeweza kula meza moja hadharani. Alikuwa akiitwa kupiga kwenye dansi za Wazungu. Watu wa huko husimulia kwamba usiku mmoja jasho lilimzidi, binti wa Kizungu akampa kitambaa ajifute uso, na kwa hilo tu wanaume wakamvizia njiani wakampiga hadi akili ikamtoka. Alifia hospitali ya wagonjwa wa akili ya Pineville mwaka 1942, wala kaburi lake halikuwekwa alama.

Mwalimu huisimulia habari hii kabla ya wimbo, ameshusha sauti, na akifika kwenye kitambaa ananigeukia. Basi ukumbi mzima unanigeukia. Nimesimama pale na bati langu, vifungua chupa vimejaa mikononi, jasho linanichuruzika hadi kidevuni, siwezi kujifuta. Safari moja bibi mmoja mzee alinifuata nikiwa navua bati. Akanipa kitambaa chake, cheupe, kimepigwa pasi, bado kina mikunjo, machozi yanamtoka, akaniomba msamaha. Nikamsamehe. Ningefanya nini? Nimemsamehe kwa niaba ya watu ambao kwao sijakanyaga, kisha nikakimbilia basi nisichelewe kazini.

Kazini, ndiyo. Maana unadhani tunalipwa. Ukumbi ukijaa tunapata pauni 300. Toa mafuta ya gari, toa vipaza sauti vya kukodi, gawanya kwa sita: naondoka na 40, karibu shilingi elfu saba za kwetu. Wenzangu hawazihitaji, wana pensheni na nyumba walizomaliza kulipia. Wakiamua kupiga bure kwa ajili ya hisani, nami nimepiga bure. Kodi ya nyumba yangu inalipwa na shifti za usiku kwenye makao ya wazee: kugeuza, kuosha, kubadilisha nepi, na kuitwa majina na mzee ambaye asubuhi hakumbuki alichosema. Hiyo haina video. Mama yako akidai mabati, mwambie bati nililonalo ni hili la kifuani, na lenyewe ni mali ya bendi.

Halafu karatasi. Kila Agosti huko Saulieu, Burgundy, Wafaransa hufanya tamasha la muziki huu, watu hutoka Ulaya nzima. Bendi ikaenda. Mimi nina makazi ya kudumu hapa, yaliyonila karibu pauni elfu tatu, lakini pasipoti ni ya Kenya, na makazi ya Uingereza hayakuvushi kwenda Ufaransa. Wenzangu waliingiza vyombo kwenye gari wakafuata feri. Mimi nilitakiwa viza ya Schengen, ile ya kuingilia nchi nyingi za Ulaya: yuro 90, taarifa za benki, barua ya mwajiri, bima, na miadi ambayo ilipopatikana ilikuwa ya Septemba. Walisikitika kweli, sisemi uongo. Kisha wakalichukua bati wakamvisha mke wa daktari wa meno. Bati likavuka bahari, mimi nikabaki nageuza wazee. Waliporudi waliniletea haradali ya Dijon na kuniambia shoo ilikwenda vizuri sana. Kumbe inakwenda.

Uraia ungelimaliza hilo. Ni zaidi ya pauni 1,500, na kila zikikaribia kutimia kuna karo, kuna matanga, kuna mtu analazwa. Silaumu. Basi, nalaumu kidogo.

Kwa hiyo usije. Ukija, usije kwa sababu ya muziki. Huyo wakala aliyekuambia uchukue viza ya mwanafunzi halafu upige gitaa jioni, mwambie asome masharti: saa 20 za kazi kwa wiki wakati wa muhula, kujiajiri hapana, utumbuizaji wa kulipwa hapana. Ukipatikana umepokea pauni 40 za ukumbi wa kanisa unaweza kurudishwa nyumbani, na karo hairudi. Kwetu ungerudi mwenye deni na gitaa. Soma kitu chenye kazi. Nimechoka kuona vijana wa kwetu wenye vipaji wakipanga maboksi.

Lakini pia usiache gitaa, nakuomba. Na ukija hata hivyo, maana nakujua kichwa chako, njoo na gitaa lako mwenyewe na soksi za sufu, usikae kwangu zaidi ya mwezi mmoja. Aa, kaa tu, nitakufukuza wapi? Wakikupa bati, kataa. Ila kama ni wiki ya kwanza na huna nauli, vaa.

Utaniuliza mbona mimi siachi. Kuna waltz ya mwisho, wazee wameshashikana, wengine wamevua viatu. Hapo huwa naacha mkwaruzo niliofundishwa, nauweka ule wa karing'aring'a chini ya kodiani, polepole. Mwalimu hajawahi kugundua. Watu wanaanza kupinda goti wenyewe, ukumbi mzima, daktari wa macho na mke wake, mchinja nyama, wote wanacheza mwomboko wa Kangema hawana habari. Hiyo siwezi kuipata kwenye makao ya wazee, na hata huko nyumbani sijui kama bado ipo.

Sasa hili la kodiani ya guka. Mama yako amenidokeza kuna jamaa wa Karatina anaitaka, ati ile pesa iongezee mabati. Isiuzwe. Mwambie za mabati nitatuma mwisho wa mwezi nikishalipwa, anunue geji 30, asiniletee habari ya geji 28 ya vigae. Uraia utangoja. Wewe ichukue hiyo kodiani uifunge kamba zake, uiweke mahali panya hafiki, kisha Jumamosi uende kwa yule mzee aliyekuwa akipiga na guka, umpelekee sukari, akuonyeshe hata wimbo mmoja. Mzee amechakaa, hatangoja uende Ulaya urudi. Na ukikosea mdundo akakutandika, usije kunishtakia.