Je, Veda inasema wanawake wana mioyo ya fisi? Kuhusu Urvashi na mfalme Pururavas

Swali: Namaste Panditji. Kwenye satsang (mkutano wa kidini) mtu alisoma mstari wa Rigveda, kitabu kitakatifu cha kale cha Kihindu, usemao kwamba urafiki na wanawake haupo, mioyo yao ni ya fisi, akautoa kama amri ya dini. Je, ndivyo tunavyofundishwa? Na kama Urvashi, yule apsara (binti wa mbinguni), alimwacha mumewe, mfalme Pururavas, mbona jina lake hutajwa moto wa yajna (ibada ya kutoa sadaka motoni) unapowashwa?

Jibu: Namaste binti yangu. Hapana, hatufundishwi hivyo. Aliyeusoma mstari huo ameukata kutoka kinywani mwa msemaji wake, na msemaji ni mwanamke.

Fungua Rigveda, mandala (kitabu) ya 10, utenzi wa 95. Una beti 18, na karibu zote ni majibizano ya Pururavas na Urvashi baada ya kutengana. Ubeti wa 14 mfalme anatishia kujiua: atakwenda asirudi, alale mapajani mwa Nirriti, mungu wa maangamizi, mbwa mwitu wamle. Ubeti wa 15 Urvashi anamjibu: usife, Pururavas, usijitupe, mbwa mwitu wasikule. Hapo ndipo anapoongeza maneno ya mioyo ya fisi. Anajisema vibaya yeye mwenyewe ili mtu aliyekata tamaa aache kumfia. Anayeanza kusoma katikati ya ubeti, akaliacha lile “usife”, amegeuza neno la huruma kuwa tusi.

Tena tazama jinsi ndoa yao ilivyofungwa. Shatapatha Brahmana, maandiko ya kale yanayoeleza ibada za Veda, inataja masharti ya Urvashi: mume amkumbatie mara tatu kwa siku, asimlale pasipo ridhaa yake, wala asionekane naye akiwa uchi. Sharti la ridhaa lingetosha kujibu swali lako. Pururavas hakulivunja hilo. Lililovunjika ni la tatu, na halikuvunjika kwa ubaya wake. Gandharva, viumbe wa mbinguni, walimtaka Urvashi arudi kwao. Kondoo jike na wanawe wawili walikuwa wamefungwa kitandani pake. Gandharva wakaiba mwanakondoo mmoja, kisha wa pili. Urvashi akapiga kelele kwamba anaporwa kana kwamba hapana mwanamume nyumbani. Mfalme akaruka alivyo, bila kungoja nguo, Gandharva wakapiga umeme, kukawa kweupe kama mchana. Urvashi akamwona, akatoweka.

Mfalme alitangatanga nchi ya Kurukshetra mpaka ziwa la Anyatahplaksha, lenye mayungiyungi, ambako apsara waliogelea katika umbo la ndege wa majini. Urvashi ndiye aliyemtambua kwanza, akajidhihirisha. Alikuwa na mimba yake, akamwahidi usiku mmoja, wa mwisho wa mwaka. Na Gandharva walipompa mfalme nafasi ya kuomba lolote, ni Urvashi aliyemfundisha la kusema: “Niwe mmoja wenu.”

Sasa moto. Gandharva walimpa mfalme moto ndani ya chungu. Akauacha msituni, akampeleka mwanawe kijijini. Aliporudi, moto ulikuwa umegeuka mti wa ashvattha na chungu kimekuwa mti wa shami. Wakamwelekeza atengeneze mbao mbili za ashvattha, wa juu na wa chini, apekeche. Moto uliotoka ulikuwa ule ule, na kwa kuutolea sadaka akawa Gandharva.

Ndiyo maana katika yajna ya soma (kinywaji kitakatifu cha mmea) kuhani huweka kwanza kibanzi cha mti, juu yake majani mawili ya darbha (nyasi takatifu), kisha ubao wa chini akisema “Wewe ni Urvashi”. Hugusisha ubao wa juu kwenye samli, “Wewe ni Ayu”, yaani mtoto wao, halafu huushusha juu ya ule wa chini: “Wewe ni Pururavas.” Familia nzima iko hapo, na mke hakuachwa nje.    

Huenda mtu akakutajia andiko jingine, Bhagavata Purana, skandha (kitabu) ya 11, sura ya 26, ambamo Pururavas anajutia mapenzi yake. Isome kwa makini: anayelaumiwa ni yeye mwenyewe, kwa kutotawala hisia zake. Anakiri kwamba Urvashi alimwonya kwa maneno mazuri, naye hakusikia.

Ukifanya homa (sadaka ndogo ya moto) nyumbani kwa kuwasha kafuri, usiongeze mantra (maneno ya ibada) hizo za Urvashi na Pururavas. Zinaelekezwa kwa mbao zenyewe, na hapo mbao hazipo.